Kumbukumbu zako zote zikimiminwa kwenye kichwa cha mwingine, anayeamka ni nani?

Mwandishi Usiku #1

Habari wakuu. Naandika hadithi ya kubuni, nimekwama sura ya tatu, na rafiki yangu anayenisomea rasimu anasema hadithi nzima imesimama juu ya uongo. Naomba mtuamue.

Kuna mtambo nimeupa jina la Birika. Unavuta kumbukumbu zote za mtu, tangu utotoni hadi asubuhi ile ile, na kuzimimina kwenye ubongo wa mwingine ambaye za kwake zimefutwa. Fundi saa wa miaka 71 anakufa kwa maradhi ya mapafu. Binti wa miaka 23, kwa sababu zake (sizisemi, ziko sura ya tisa), amekubali kupokea. Wanalazwa vitanda viwili sambamba. Asubuhi mwili wa mzee unapumua tu, macho yako darini, ndani hamna mtu. Binti anaamka, anapapasa mezani, anauliza: "Miwani yangu iko wapi?" Macho yake mazima kabisa, hajawahi kuvaa miwani.

Mimi nasema aliyeamka ni fundi saa. Kumbukumbu ndiyo mtu. Rafiki yangu anasema aliyeamka ni binti yule yule, ila amelishwa uongo wa miaka 71. Nani kachemka?

Zumbukuku #2

Siti ya mbele. Mtambo unaitwa Birika, basi humu tujiandae kwa chai.

Kidato Sugu #3

Mnagombania mfupa uliotafunwa tangu 1694. Mwaka huo mwanafalsafa John Locke wa Uingereza alitoa toleo la pili la kitabu chake juu ya akili ya binadamu, akaongeza sura kuhusu nini kinamfanya mtu awe yule yule. Mfano wake: roho ya mwana wa mfalme, pamoja na yote anayoyakumbuka, inaingia kwenye mwili wa mshona viatu ambaye roho yake imeshatoka. Locke akasema huyo sasa ni mwana wa mfalme, na anawajibika kwa aliyoyatenda mwana wa mfalme. Weka fundi saa na binti mahali pao, umepata sura yako ya tatu. Mleta mada una mtetezi, tena mzito.

Shaibu wa Maktaba #4

Kidato Sugu, umesoma nusu ukurasa ukafunga kitabu. Locke alitenganisha nafsi inayojitambua na binadamu mwenye mwili huu. Alisema nafsi ni ya mwana wa mfalme, ndiyo, lakini akauliza nani atasema kuwa ni binadamu yule yule? Majirani wote wangemwona mshona viatu wao. Kwa hiyo mleta mada na rafiki yake wanaweza kumshika Locke kila mmoja mkono wake na wakavutana naye.

Halafu 1785 akaja Mskoti, Thomas Reid, akamtia mwenzake kidole cha jicho. Mtoto alichapwa kwa kuiba matunda bustanini. Akakua, akawa ofisa, akateka bendera ya adui, na siku hiyo alikuwa bado anavikumbuka vile viboko. Uzeeni akawa jenerali. Bendera anaikumbuka, viboko vimefutika. Kwa kanuni ya Locke, jenerali ndiye ofisa, na ofisa ndiye mtoto, lakini jenerali siye mtoto. Hesabu haifungi.

Zumbukuku #5

Subiri. Nikisahau deni, aliyekopa si mimi? Naunga mkono hoja ya Locke kwa mikono yote miwili.

Konokono Mzee #6

Ninyi mko karne ya 17 na wenzenu wameshajaribu kwa sindano. 2018, chuo kikuu cha UCLA huko Marekani, timu ya David Glanzman ilimchukua konokono wa baharini aitwaye Aplysia, ikampiga shoti ndogo ndogo mkiani hadi akawa akiguswa anajikunyata muda mrefu. Wakachota RNA, kemikali inayobeba maagizo ndani ya seli, kwenye mfumo wake wa neva, wakamchoma konokono mwingine ambaye umeme hajawahi kuuona. Walipomgusa huyo wa pili akajikunyata kama sekunde 40. Konokono wa kawaida ni sekunde moja hivi. Hajapigwa, lakini anaogopa! Birika ndilo hilo, bado changa tu.

Zumbukuku #7

Konokono Mzee kuja kutetea konokono. Mgongano wa maslahi, mods mko wapi?

Maabara Baridi #8

Konokono Mzee usitulishe matango pori. Namba zako ziko sawa, tafsiri ndiyo iliyopinda. Kilichovuka pale ni wepesi wa kushtuka, si kumbukumbu ya tukio. Mtu akinywa kahawa nyingi naye anashtuka mlango ukigongwa, na hatusemi amerithi kumbukumbu za aliyeilima.

Na tumeshaungua mara mbili. Miaka ya 1950 na 1960 James McConnell aliwafundisha minyoo bapa kujikunja taa ikiwaka, akawakatakata, akawalisha minyoo wenzao, akatangaza kuwa walaji wanajifunza upesi zaidi. Maabara nyingine zikarudia, matokeo yakawa leo ndiyo, kesho siyo. Akaja Georges Ungar na kemikali ya kuogopa giza aliyoitoa kwenye bongo za panya, akaiita skotofobini, ikachapishwa 1972. Leo iko kwenye vitabu vya historia tu.

Konokono Mzee #9

Na wewe usikomee 1972. 2013 Tal Shomrat na Michael Levin wa Chuo Kikuu cha Tufts waliwazoesha minyoo hao hao kula kwenye sakafu yenye mikwaruzo. Wakawakata vichwa. Vichwa vipya vikaota, na wenye vichwa vipya wakawa wepesi pale kuliko ambao hawakufundishwa. Ubongo umeota upya, mazoea yapo. Yalikuwa yamejificha wapi?

Maabara Baridi #10

Baada ya kupewa somo fupi la kukumbushia. Usiruke hapo.

Ila nakubali, hilo swali lako la mwisho hunikosesha usingizi.

Fundi Saketi #11

Mimi naona neno "kuhamisha" ndilo linalotupoteza wote. Mtu akihama nyumba, ya kwanza inabaki tupu. Ukihamisha gunia, halipo tena ulipolitoa. Lakini mtambo unaosoma kitu huku na kukiandika kule hauhamishi chochote. Unanakili, halafu mtu mwingine, kwa kitufe kingine, anafuta cha kwanza. Mleta mada ametuficha hilo kwa kuuacha mwili wa mzee mtupu.

Sasa mwambie mhudumu wa Birika asahau kubonyeza kufuta. Asubuhi wanaamka wawili. Wote wanapapasa meza. Wote wanataka miwani ile ile. Ipo moja. Mpe nani?

Mwandishi Usiku #12

Dah. Fundi Saketi umenivunjia sura nzima. Mpe mzee, si ndiye haoni?

Fundi Saketi #13

Umejibu swali la macho. Mimi nimeuliza la umiliki.

Shaibu wa Maktaba #14

Mwanafalsafa Bernard Williams aliwahi kulitega hivyo hivyo miaka ya 1950. Mtu mmoja, leo, anadai kukumbuka maisha yote ya Guy Fawkes, yule aliyekamatwa 1605 akilinda baruti chini ya bunge la Uingereza. Kila analosema linathibitika. Utashawishika kusema Fawkes amerudi. Sasa kaka yake naye adai vile vile, naye athibitike. Hawawezi kuwa wote Fawkes, maana Fawkes alikuwa mmoja na hawa ni wawili. Na kama wa pili akitokea tu anamharibia wa kwanza, basi hata alipokuwa peke yake hakuwa na hati.

Mwanafalsafa mwenzake, Derek Parfit, 1984, akaja na njia ya kando: acheni kuuliza ni nani. Chenye uzito ni kwamba kumbukumbu, nia na tabia zinaendelea, liwe tawi moja au mawili.

Zumbukuku #15

Parfit akamwambie hivyo mke wa fundi. "Mama, usiulize ni nani, yupo kwa matawi."

Mwandishi Usiku #16

Fundi ni mgane, nashukuru Mungu.

Mtoro wa Hesabu #17

Mimi nina swali la ujazo. Birika lenyewe ni kubwa kiasi gani? 2024 watafiti wa Harvard pamoja na Google walitoa ramani ya kipande cha ubongo wa binadamu cha milimita moja ya ujazo, kama punje ndogo. Ndani yake seli kama 57,000 na miunganiko karibu milioni 150. Picha zake zilijaza petabaiti 1.4, yaani terabaiti 1,400. Ubongo ukiwa na sentimita za ujazo kama 1,200, unahitaji terabaiti milioni 1.7. Sema diski za nje za kutosha tu, inawezekana.

Kidato Sugu #18

Jina lako halikukosewa. Sentimita moja ya ujazo ina milimita za ujazo 1,000. Kwa hiyo ni punje milioni 1.2, mara terabaiti 1,400. Ni terabaiti BILIONI 1.7. Umedondosha sifuri tatu.

Mtoro wa Hesabu #19

Nimezipata chini ya meza. Asante mkuu. Birika sasa lina ukubwa wa mtaa.

Maabara Baridi #20

Na hiyo ni picha tu. Kuna mnyoo mdogo sana, C. elegans, mwenye neuroni (seli za neva) 302. Ramani ya waya zake ilichapishwa 1986, na hadi leo huwezi kuikodolea macho ukasema "mnyoo huyu aliwahi kunusa kitu kibaya Jumanne". Ramani ya barabara haikwambii nani alipita.

Pacha wa Pili #21

Nimesoma kimya tangu mwanzo, hapa naomba niweke kisa changu.

Tulikuwa na miaka sita. Nakumbuka nimepanda kwenye kabati kuchukua kopo la vifungo. Kabati likayumba. Nikaanguka, kidevu kikapiga ukingo wa kitanda. Nakumbuka ladha ya damu, kama nimelamba ufunguo. Vifungo vikabingirika hadi uvunguni, kimoja cha bluu chenye matundu manne kikazunguka, kikazunguka, kikalala. Kisa hiki nimekisimulia shuleni, kazini, kwa mchumba, kila mahali. Nilipokuwa na miaka 30 nikakisimulia mezani, pacha wangu yupo. Hakusema neno. Aliinua kidevu tu.

Kovu liko kwake.

Mimi kidevu changu ni laini kama yai. Nilikimbilia kioo, nadhani nilitegemea kukuta kitu. Tulipomuuliza mama akasema, "Wewe ulikuwa mlangoni unalia kuliko aliyeumia."

Baadaye nikajua tuko wengi. Kuna utafiti wa 2001 juu ya mapacha wanaogombania kumbukumbu, kila mmoja anaapa lile tukio ni lake. Kwa hiyo Birika lipo, halina hata waya. Na mimi sikugeuka kuwa dada yangu. Kumbukumbu yake iliingia kwangu nikaivaa, ikawa yangu. Mleta mada, kwa mizani hiyo rafiki yako anakuzidi: aliyeamka ni binti, amevaa maisha ya mzee.

Ila kuna jambo moja halijakaa sawa hadi leo. Dada hakikumbuki kifungo cha bluu.

Fundi Saketi #22

Pacha, hapa nimekaa kimya dakika nzima.

Nadhani jibu liko kwenye ile "ni-" yetu. Nilipanda, nilianguka, nililamba. Kumbukumbu haibebi jina la mtu, inabeba "ni-". Sasa "ni-" haina mwenyewe, inamshika yeyote anayeitamka. Ukiipeleka kwa binti wa miaka 23, inamshika yeye. Binti hatasema "nakumbuka fundi alivaa miwani". Atasema "nilivaa". Hilo halithibitishi kuwa amekuwa fundi. Linathibitisha tu kwamba "ni-" ni malaya.

Bi Mkasa #23

Fundi Saketi ulimi huo! Watoto wanasoma humu.

Shaibu wa Maktaba #24

Hoja nzuri, lakini inakata kote kote. Kama "ni-" inamshika yeyote, basi hata wewe wa leo umeshikwa tu na "ni-" ya yule wa jana. Umejuaje hukumiminiwa usiku?

Zumbukuku #25

Mimi nimejua. Wa jana alikuwa na pesa.

Nusu Kaputi #26

Jina langu linasema kazi yangu. Kuna dawa ya midazolamu tunampa mgonjwa kabla ya kuingia chumba cha upasuaji. Mara nyingi mtu anabaki anaongea, anajibu, anacheka, ila ubongo hauandiki. Zamani kidogo mmoja alinishika mkono akaniambia kwa kirefu jinsi alivyomdanganya mdogo wake kwenye mambo ya urithi. Alilia kweli. Akaniomba akiamka nimkumbushe ampigie simu, aombe msamaha. Nikaahidi.

Alipoamka, nikangoja atulie, nikamuuliza kama bado anataka kupiga simu.

"Simu gani?"

Nikakwama pale. Siri ni ya nani? Aliyenituma hayupo, huyu hajanituma. Nikasema "basi, hamna kitu", nikaenda kwa mgonjwa mwingine. Mleta mada, ukisema kumbukumbu ndiyo mtu, basi yule aliyelia aliishi nusu saa akafa, na mimi nilikuwa msimamizi wa wosia wake. Sikuutekeleza.

Sheria Mkononi #27

Nusu Kaputi, kitaaluma ulifanya sawa kutomrudishia maneno aliyoyatoa akiwa chini ya dawa. Kama binadamu, sijui.

Nirudi kwenye deni la #5. Locke mwenyewe alisema neno lile la nafsi ni neno la mahakamani, linahusu nani alipwe na nani aadhibiwe. Na alikubali kwamba mlevi asiyekumbuka kosa bado anaadhibiwa, kwa kuwa mahakama haiwezi kuhakiki kama kweli hakumbuki. Zumbukuku, utalipa.

Mleta mada, swali langu ni la wazi: binti amezaliwa na wazazi wake, amesaini mikataba, labda ana mtoto. Fundi naye ana nyumba, ana madeni, na mwili wake bado unapumua. Asubuhi ile mlangoni anagonga anayemdai binti na anayemdai fundi. Aliyeamka hamkumbuki wa kwanza, wa pili anamkumbuka hadi jina la mbwa wake. Anatoka alipe nani?

Mwandishi Usiku #28

Sheria, nilikuwa sijamfikiria mtu wa mlangoni kabisa. Naona sura ya nne imejiandika.

Bi Mkasa #29

Ninyi wanaume mnazungumza kumbukumbu kana kwamba ndiyo kila kitu. Nisikilizeni.

Mama yangu alisahau jina langu miaka miwili kabla hajafariki. Aliniita kwa jina la dada yake, mara nyingine "wewe". Lakini sahani ikija mezani aliisukuma kwangu kwanza, akaniangalia mpaka nitie tonge mdomoni. Akicheka aliziba mdomo kwa kiganja, vile vile kama zamani. Sikuwahi hata siku moja kusema huyu si mama.

Baba yangu mdogo ugonjwa wake ulikuja tofauti. Kumbukumbu zote alikuwa nazo, anakutajia siku za kuzaliwa za wajukuu bila kukosea. Ila yule mtu mpole akawa mkatili. Anatukana wageni, anamwibia mkewe, anacheka mtoto akianguka. Huyo ndiye mkewe alikuja kwetu akasema, "Yule niliyeolewa naye ameshaondoka, sijui nalala na nani."

Sasa Birika linamimina kumbukumbu. Upole linamimina?

Maabara Baridi #30

Bi Mkasa, wasomi wamekuunga mkono bila kukujua. Nina Strohminger na Shaun Nichols, 2015, waliwauliza ndugu wa wagonjwa wa maradhi mbalimbali yanayoharibu ubongo na neva: lini mliona mtu wenu siye tena? Kilichovunja zaidi hisia ya "ni yeye" ni kubadilika kwa utu na maadili. Kusahau kulikuwa na uzito mdogo kuliko wengi tunavyodhani.

Tena kuna tatizo zaidi kwa mleta mada, na hili litamuuma.

Mwandishi Usiku #31

Sema tu, nimeshazoea.

Maabara Baridi #32

Kumbukumbu si ghala moja. 1953 Henry Molaison, kijana wa miaka 27, alifanyiwa upasuaji kutibu kifafa, sehemu kubwa ya hipokampasi, kiungo cha ndani ya ubongo kinachosaidia kuhifadhi matukio, ikaondolewa pande zote mbili. Kuanzia hapo hakuweza kushika tukio jipya hadi alipofariki 2008. Lakini mtafiti Brenda Milner alimpa kazi ya kuchora nyota huku akiutazama mkono wake kwenye kioo tu. Siku ya kwanza vurugu. Siku ya tatu mstari umenyooka, na yeye anaapa hajawahi kuiona kazi ile. Ufundi wa mkono una makao yake, matukio yana makao yake.

Umesema Birika linavuta kumbukumbu. Zipi? Kama ni za matukio, binti atakumbuka maelfu ya saa alizozifungua, kila skrubu, kila mteja. Akishika bisibisi, mkono utatetemeka kama wa mwanafunzi wa siku ya kwanza.

Mwandishi Usiku #33

Hapana hapana hapana. Sura ya tano anatengeneza saa ya ukutani ambayo fundi aliiacha haijakamilika! Ndiyo roho ya hadithi!

Fundi Saketi #34

Mmiminie na mkono basi. Ila mkono wa mzee umefundishwa kwa urefu wa vidole vya mzee. Umpe binti mazoea ya vidole vinene, atakosa tundu kila mara. Mimi nilibadilisha koleo tu, zikawa fupi kidogo kuliko za zamani, nikaunguza saketi tatu wiki ya kwanza.

Ngazi ya Nuru #35

Salaam kwenu. Naona mnazunguka mbuyu. Mtu ana roho, na roho haipiti kwenye waya wala sindano. Mwili wa mzee unapumua, maana yake roho yake bado imo. Aliyeamka ni binti mwenye roho yake ile ile, amepewa mizigo ya kichwa cha mwingine. Rafiki wa mleta mada yuko sahihi, kwa sababu ambayo yeye mwenyewe hakuisema.

Shaibu wa Maktaba #36

Ngazi, nakuheshimu, ila hilo linaleta swali lake. Kama roho inaweza kubaki ileile wakati kumbukumbu, mapenzi, chuki na tabia zote zimebadilishwa, roho yangu ikibadilishana na yako usiku huu na kila kingine kibaki, asubuhi nani atajua?

Ngazi ya Nuru #37

Aliyeziumba atajua.

Shaibu wa Maktaba #38

Hapo nakuachia.

Wengine jibuni mtego wa Williams, wa 1970. Jipimeni wenyewe, msimpime binti. Nakwambia kesho utateswa vibaya. Umeogopa. Naongeza: kabla ya mateso nitafuta kumbukumbu zako zote. Hofu imepungua? Naongeza tena: nitakupa kumbukumbu za mtu mwingine, utajiona ni yeye. Imepungua sasa?

Kidato Sugu #39

Naogopa vile vile. Kinachoumia ni mwili huu.

Mtoro wa Hesabu #40

Imepungua kidogo. Robo hivi.

Pacha wa Pili #41

Imeongezeka. Kuumia na pia kutojua kuwa ni mimi naumia.

Zumbukuku #42

Mtese yule wa jana, ndiye mwenye pesa.

Mwandishi Usiku #43

Naogopa. Na nimechukia kuogopa, kwa kuwa kama naogopa basi rafiki yangu kashinda. Lakini Shaibu, igeuze. Sema kuna miili miwili, kumbukumbu zetu zinabadilishwa, na mmoja atateswa, mwingine atapewa zawadi. Uniulize leo nichague. Nitaomba ateswe huu mwili wangu, kwa kuwa mimi nitakuwa kule! Ni tukio lile lile, nimejibu mara mbili tofauti.

Shaibu wa Maktaba #44

Ndivyo alivyolitega. Umetumbukia pande zote mbili, karibu.

Maabara Baridi #45

Niwaongezee mafuta kabla sijalala. Hata huko kuvuta kumbukumbu si kama kuchota maji. 2000, Karim Nader na wenzake walionyesha kwa panya kwamba kumbukumbu ikiamshwa inalegea, na inahitaji kutengenezwa upya ili ikae. Wakizuia protini kutengenezwa dakika zile, hofu aliyokwisha kujifunza panya inapotea. Yaani kila unapokumbuka unaifungua saa na kuifunga tena. Na Elizabeth Loftus, 1995, aliwasimulia watu 24 kisa cha uongo cha wao kupotea dukani wakiwa watoto, karibu robo wakakikumbuka, wengine na maelezo ya ziada. 2013 timu ya Susumu Tonegawa kule MIT ilimfanya panya aogope kisanduku ambacho hajawahi kuumizwa ndani yake, kwa kuziwasha kwa mwanga seli zilizoshika kumbukumbu ya kisanduku hicho huku akipigwa shoti kwingine.

Kwa hiyo fundi saa unayemmimina si yule aliyeishi miaka 71. Ni yule aliyejisimulia miaka 71.

Pacha wa Pili #46

Maabara, kwa hiyo kifungo cha bluu nilikitia mimi.

Maabara Baridi #47

Au kilikuwepo, ukakiona kutoka mlangoni, na dada alikuwa anashughulika na damu. Siwezi kukwambia.

Bi Mkasa #48

Kimtafute uvunguni.

Sheria Mkononi #49

Mleta mada umekimbia swali langu la mlangoni. Nani alipwe?

Mwandishi Usiku #50

Nimeamua hivi kwa sasa: anamlipa anayemdai fundi kwa sababu anamkumbuka, na anayemdai binti anamkaribisha ndani kwa sababu ana aibu. Hajui aibu hiyo imetoka wapi. Si kumbukumbu ya fundi, fundi alikuwa mtu mkavu. Nimempa Bi Mkasa hapo.

Rafiki yangu amesoma uzi wote. Anasema bado nimekosea, ila sasa nimekosea vizuri zaidi.

Msomaji Kimya #51

Nimejisajili leo kwa ajili ya uzi huu. Nimesoma toka #1. Locke nimemwelewa, konokono nimemwelewa, mnyoo asiye na kichwa nimemwelewa. Lakini hakuna aliyesema: ile saa ya ukutani ilipona?

Mwandishi Usiku #52

Karibu. Imesimama saa nne na robo. Binti anajua skrubu ipi imelegea, ameniambia hadi rangi yake. Ameshaiangusha mara mbili kwenye zulia.

Fundi Saketi #53

Mpe sumaku.